Treni Ndogo za Misitu Huko China, na Deni la Mzee Ma



Siku moja tulipeleka picha kwenye darasa la kisomo chenye manufaa. Picha ilionyesha treni ndogo nyeusi inavuta magogo. Wingu zito jeupe lilikuwa limeifunika nusu. Ardhi yote, tangu relini mpaka milimani, ilikuwa nyeupe pee.

Tukawauliza wanakisomo, "Mnaona nini?"

Mama mmoja akasema, "Naona shamba la pamba. Bado halijachumwa." Wenzake wakacheka. Mwingine akasema ni chumvi.

Halafu mzee mmoja aliyekaa nyuma akauliza maswali manne kwa mkupuo. "Mwalimu, hiyo ni nchi gani? Mbona treni yenyewe ni ndogo hivyo? Huyo aliyepiga picha alifuata nini huko? Na sasa hivi hiyo treni iko wapi?"

Siku ile hatukumjibu vizuri. Tulikwenda kusoma. Makala haya ndiyo majibu yetu.

ILE NYEUPE SI PAMBA

Picha ile ilipigwa China, katika mkoa wa Heilongjiang. Mkoa huu uko mbali sana kaskazini-mashariki, umepakana na Urusi. Mji wake mkuu unaitwa Harbin.

Huko wanakuwa na kipindi kirefu cha baridi kali. Huanza mwezi wa Novemba na kuendelea mpaka Machi. Katika mwezi wa Januari, usiku, baridi hufika nyuzi 25 au hata 30 chini ya sifuri.

Hebu tueleze maana yake. Mwili wa mtu mwenye afya una joto la nyuzi 37 hivi. Maji huganda na kuwa barafu yakifika nyuzi 0. Sasa huko baridi inashuka chini ya hapo, tena chini sana. Ukiingia ndani ya friji la kugandishia barafu, utaona afadhali humo kuliko nje Harbin usiku wa Januari.

Basi, ile nyeupe ni theluji. Theluji ni maji yaliyoganda huko mawinguni. Huanguka polepole, vipande vyepesi vyepesi, na kufunika kila kitu. Yule mama hakukosea sana. Kwa macho inafanana na pamba.

Mtaniuliza, watu wanaishije? Zamani wenyeji wa huko walibuni kitanda cha matofali au udongo, na vijijini kinatumika mpaka leo. Kitanda hicho kina njia ya moshi ndani yake. Moto wa jiko la kupikia ukiwaka, moshi wa moto hupita chini ya kitanda kabla ya kutoka nje kwa bomba. Kwa hiyo kuni zile zile zinapika chakula na kupasha moto kitanda. Familia hulala hapo juu, na mchana hukaa hapo hapo wakila na kuzungumza. Chakula nacho hakiozi. Mama wa nyumba hutengeneza maandazi madogo ya nyama, akayaweka nje, yakaganda kama mawe. Siku akiyataka anayachemsha.

KWA NINI WALIKATA MITI WAKATI WA BARIDI

Milima ya huko ina misitu mikubwa. Mti ulio maarufu kuliko yote ni msonobari wa Korea. Ni mti mrefu, umenyooka, na mbao zake ni nzuri. Mbegu zake huliwa kama karanga. Lakini hukua polepole. Huchukua karibu miaka 100 au zaidi kufikia ukubwa wa kukatwa.

Mtu anaweza kudhani kwamba wakati wa baridi watu hukaa ndani tu. Sivyo. Kwa wakata miti, huo ndio uliokuwa msimu wa kazi. Sababu ni hii. Theluji ikiyeyuka, sehemu nyingi za msitu huwa matope na majimaji. Gogo likiangushwa hapo halitoki. Lakini wakati wa baridi ardhi huganda ikawa ngumu kama saruji. Tena gogo huteleza vizuri juu ya theluji. Farasi waliweza kuvuta magogo ambayo wakati mwingine wa mwaka wasingeyasogeza. Kwenye miteremko watu walitengeneza mifereji ya barafu, wakayaachia magogo yashuke yenyewe.

Kazi ilikuwa ya hatari. Zamani walitumia msumeno wa mkono na shoka. Mti ulipokaribia kuanguka, mkataji alipaza sauti ili wenzake wajue unaangukia upande gani. Walikuwa na wito mmoja kwa mti unaoanguka kuelekea bondeni, mwingine kwa unaoanguka kuelekea mlimani, na mwingine kwa unaoanguka kuukata mlima kwa ubavu. Asiyesikia wito, au asiyeelewa, alikuwa hatarini kufa.

Magogo yakifika bondeni, yalikuta reli. Hapo ndipo treni yetu ndogo ilipofanya kazi.

RELI YENYE UPANA WA HATUA MOJA

Sasa tujibu swali la pili la mzee. Mbona treni ni ndogo?

Reli ina vyuma viwili vilivyolala sambamba. Umbali kati ya chuma na chuma ndio upana wa reli. Reli yetu ya kati ya zamani ina upana wa mita 1. Reli ya TAZARA, ambayo Wachina walikuja kutusaidia kuijenga tangu mwaka 1970 hadi 1975, ina sentimita 106 na kitu. Reli mpya ya treni za umeme ina sentimita 143 na nusu.

Reli za misitu ya China zilikuwa na upana wa sentimita 76 tu. Ni kama hatua moja ya mtu mzima.

Reli nyembamba ina faida zake. Kwanza, ni rahisi kujenga. Vyuma ni vyembamba na mataruma ni mafupi. Pili, inaweza kukata kona kali. Kwa hiyo hufuata mto na ubavu wa mlima, bila kuhitaji madaraja makubwa wala kutoboa milima. Tatu, miti ikiisha sehemu moja, tawi la reli huweza kung'olewa na kupelekwa bonde lingine. Ubaya wake ni kwamba haibebi mzigo mzito sana, na haikimbii.

Hata hapa kwetu Tanzania, wakati wa Wajerumani, kulikuwa na reli ya aina hii. Ilitoka Tengeni kwenda Sigi, katika milima ya Usambara Mashariki. Upana wake ulikuwa sentimita 75. Nayo ilibeba magogo.

Huko Heilongjiang, Warusi walijenga reli kubwa kati ya mwaka 1898 na 1903, na magogo yakaanza kutoka kwa wingi. Kisha Wajapani waliikalia sehemu hiyo kwa nguvu tangu 1931 hadi 1945. Nao walikata. Baada ya mwaka 1949 serikali mpya ya China ilikuwa na kazi kubwa ya kujenga nchi. Ilihitaji mataruma ya reli, nguzo za kuzuia migodi ya makaa ya mawe isiporomoke, na mbao za nyumba na madaraja. Reli za misitu zikaongezwa mpaka zikafikia maelfu ya kilomita. Sehemu kama Langxiang, Weihe na Huanan zilijulikana kwa treni hizo.

Treni hizi hazikubeba magogo tu. Zilibeba pia wafanyakazi, watoto wa shule, wagonjwa na vyakula. Kwa kambi nyingi za ndani msituni, treni ndiyo ilikuwa barabara.

NGUVU YA MVUKE

Injini iliyotumika sana iliitwa C2. Ilijulikana kama injini ya tani 28, na ilikuwa na magurudumu 8 ya kuvuta. Iliendeshwa kwa mvuke.

Kila mtu anayepika ameona nguvu ya mvuke. Chungu kikichemka, mfuniko huruka. Nani anausukuma? Ni mvuke. Lita 1 ya maji ikigeuka yote kuwa mvuke, inataka nafasi ya zaidi ya lita 1,600. Ukiubana mvuke huo usipate nafasi, utasukuma kwa nguvu nyingi mno.

Injini ya treni ilitumia nguvu hiyo hivi:

1. Mfanyakazi alitia makaa ya mawe kwenye sanduku la moto kwa sepetu.

2. Moto ulipita ndani ya mabomba yaliyozungukwa na maji, na maji yakachemka.

3. Mvuke ulibanwa, kisha ukaachiwa uingie kwenye silinda. Humo ulisukuma pistoni mbele na nyuma.

4. Pistoni ilishikwa na fimbo ya chuma, na fimbo ikazungusha magurudumu.

5. Mvuke uliokwisha kazi ulitokea kwenye bomba la moshi. Ndipo tunaposikia ile sauti ya "chu, chu, chu".

Baridi ilileta taabu. Maji yakiganda hutanuka, na bomba hupasuka, kama chupa ya maji iliyosahauliwa ndani ya friji la barafu. Kwa sababu hiyo moto wa injini haukuachwa uzimike ovyo usiku. Lazima mtu akeshe nao.

Magogo nayo yalibebwa kwa namna ya pekee. Hayakuwekwa juu ya behewa zima. Yalilazwa juu ya vigari viwili vifupi, kimoja mbele na kimoja nyuma. Magogo yenyewe ndiyo yaliyoviunganisha vigari hivyo viwili. Mzigo ulikuwa ndio behewa.

WAGENI WALIFUATA NINI?

Swali la tatu. Aliyepiga picha alifuata nini?

Treni za mvuke zilikwisha mapema katika nchi nyingi. Uingereza iliziondoa kwenye reli zake kuu mwaka 1968. Ujerumani ya Magharibi iliacha mwaka 1977. Lakini China ilikuwa na makaa ya mawe mengi na mafundi wake wenyewe. Iliendelea kutengeneza injini kubwa za mvuke za reli kuu mpaka mwaka 1988.

Basi watu wa Ulaya na Japani waliopenda treni za mvuke wakaanza kufunga safari kwenda China. Wengi wao walizikumbuka tangu utotoni. Walikwenda Januari na Februari, wakati wa baridi kuliko wote. Wengine walisimama saa nyingi kwenye theluji wakingoja treni moja tu ipite. Ndevu ziliganda. Betri za kamera zilikufa kwa baridi.

Eti kwa nini wasiende wakati wa joto? Sababu zilikuwa mbili. Ya kwanza tumekwisha ieleza: msimu wa magogo ulikuwa wakati wa baridi. Ya pili ni mvuke wenyewe. Ndugu zetu wa Njombe, Makete na Lushoto wanalijua jambo hili. Asubuhi ya mwezi wa Juni ukipumua nje, pumzi yako inaonekana kama moshi. Pumzi ni ile ile ya kila siku, ila baridi ndiyo inayoigeuza kuwa wingu. Sasa fikirini injini nzima inapumua katika baridi ya nyuzi 25 chini ya sifuri! Lile wingu jeupe kwenye picha, sehemu kubwa yake si moshi. Ni mvuke uliokutana na baridi.

Wenyeji waliwashangaa wageni hao. Kwao treni ile ilikuwa kazi ya masizi na baridi, wala si maonyesho.

TRENI SASA ZIKO WAPI?

Hili ndilo swali gumu, nalo ndilo lililotufanya tuandike.

Treni zile za magogo zimekwisha. Watu wengi hudhani zilikufa kwa sababu ya uzee, au kwa sababu malori na injini za dizeli zilikuja. Ni kweli, barabara zilijengwa na malori yakachukua kazi. Lakini chini ya hayo kulikuwa na sababu nyingine. Miti mikubwa ilikuwa inakwisha.

Kila mwaka reli ilisogea ndani zaidi kuifuata miti. Kila mwaka magogo yalikuwa membamba zaidi. Mti wa miaka 100 ulikatwa kwa muda mfupi, na aliyeukata hakukaa kungoja mwingine ukue.

Mwaka 1998 yalitokea mafuriko makubwa sana nchini China. Mto Yangtze ulifurika. Huko kaskazini-mashariki, mito ya Nen na Songhua ilifurika pia. Watu zaidi ya 3,000 walikufa nchini kote, na mamilioni walihama makwao. Mvua ilikuwa nyingi kweli, lakini serikali ilikubali kwamba ukataji miti milimani ulizidisha maafa. Msitu hushika maji ya mvua na kuyaachia polepole. Mlima uliokatwa miti huyaachia yote kwa mara moja, pamoja na udongo.

Mwaka huo huo serikali ilianza mpango wa kulinda misitu ya asili. Ukataji ulipunguzwa. Tangu Aprili 1, 2014, ukataji wa kibiashara ulisimamishwa katika misitu mikuu ya serikali mkoani Heilongjiang. Kufikia mwaka 2017, marufuku hiyo ilikuwa imeenea katika misitu ya asili ya nchi nzima.

Treni zilikuwa zimekwisha nyamaza kabla ya hapo. Ile ya Huanan ilidumu kwa kubeba makaa ya mawe badala ya magogo. Nayo ilisimama mwaka 2011. Miaka ya karibuni sehemu yake fupi imefufuliwa kwa ajili ya watalii. Mkoani Sichuan, mbali sana na huko, iko reli ya mgodi wa makaa ya mawe iliyofunguliwa mwaka 1959, yenye urefu wa karibu kilomita 20. Injini za C2 zingali zinapiga honi huko, zikibeba watalii.

Tusifiche upande wa pili. Marufuku iliwaumiza wengi. Maelfu ya wafanyakazi wa misitu walikosa kazi waliyoijua tangu ujana. Wengine waliajiriwa kulinda msitu na kupanda miti. Wengine wakaanza kulima uyoga, kuokota mbegu za misonobari, au kupokea wageni. Wengine walihama. Mti ulipokwisha, aliyeumia wa kwanza ni yule aliyeishi kwa kuukata.

DENI LA MZEE MA

Katika wilaya ya Tieli, mkoani Heilongjiang, alikuwako mkata miti aliyeitwa Ma Yongshun. Wachina hutanguliza jina la ukoo. Kwa hiyo sisi tutamwita Mzee Ma.

Mzee Ma alianza kazi katika msitu wa serikali mwaka 1948. Alikuwa hodari kupita wenzake. Alibuni njia salama ya kuangusha mti. Alikata karibu na ardhi ili kisiki kisibaki na mbao ndani yake. Akapewa heshima ya mfanyakazi bora wa taifa. Mwaka 1959 alikutana na Waziri Mkuu Zhou Enlai, ambaye alimweleza kwamba wakata miti wasikate tu, wapande pia, ili milima ibaki na miti siku zote.

Maneno hayo yalimwingia. Katika maisha yake ya kazi, Mzee Ma alikata miti 36,500. Aliiona idadi hiyo kuwa ni deni. Akaamua kulilipa, mti kwa mti.

Alipostaafu mwaka 1982, deni lilikuwa bado halijaisha. Hakukaa nyumbani. Kila majira ya kupanda alipanda mlimani na jembe lake, pamoja na mke wake, watoto na wajukuu. Mwaka 1991 alimaliza kulipa. Umri wake ulikuwa umekaribia miaka 80. Hata hivyo hakuacha kupanda. Mwaka 1998 shirika la mazingira la Umoja wa Mataifa lilimpa tuzo. Alifariki mwaka 2000.

Sasa tupige hesabu. Mwaka una siku 365. Mtu akipanda mti 1 kila siku, asipumzike hata siku ya sikukuu, atachukua miaka mingapi kufikisha miti 36,500? Atachukua miaka 100. Na msonobari nao unataka miaka kama 100 ili ukomae. Kwa hiyo Mzee Ma alilipa deni la miche, lakini miti yenyewe watakaoiona imekomaa ni wajukuu wa wajukuu zake.

TULIVYORUDI DARASANI

Tulirudi darasani na majibu haya. Yule mzee alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Kumbe ile treni haikufa kwa uzee. Ilimaliza chakula chake."

Yule mama wa pamba yeye alifikiri jambo lingine. Alisema, "Mzee Ma alikuwa na hesabu yake. Sisi tunakata kuni, tunachoma matofali, tunachoma mkaa, lakini hakuna aliyeandika. Utalipaje deni usilolijua?"

Wazee waliokuwa kwenye vikundi vya redio mwaka 1980 wanakumbuka kampeni ya "Misitu ni Mali". Mali huhesabiwa. Darasa lile liliamua kununua daftari moja. Kila mwanakisomo anaandika miti aliyoikata na miti aliyoipanda iliyoshika. Mpaka sasa upande wa iliyokatwa ndio mrefu zaidi. Lakini angalau unajulikana.

JADILIANENI KATIKA KIKUNDI

1. Kwa nini wakata miti wa Heilongjiang walifanya kazi wakati wa baridi?

2. Reli nyembamba ina faida gani? Ina ubaya gani?

3. Miti ilipokwisha, nani aliumia kwanza? Kijijini kwenu atakuwa nani?

4. Familia moja inakata miti 3 kila mwezi. Kwa miaka 5 itakuwa imekata miti mingapi?

MANENO YA KUKUMBUKA

Taruma: kipande cha mti, chuma au zege kinacholala chini ya vyuma vya reli.
Pistoni: chuma kinachosukumwa mbele na nyuma ndani ya silinda.
Theluji: maji yaliyoganda mawinguni na kuanguka chini.
Msonobari: mti wenye majani membamba kama sindano.